Rangi Nyekundu Mlangoni

Homa ilipopanda milima yetu, habari za asubuhi tulizipata kwa kuangalia moshi. Unatoka nje, unatazama ng'ambo ya bonde, unaona paa lipi linafuka na lipi limelala tu. Nyumba isiyofuka, humo hakuna aliyeweza kuinuka kuwasha moto. Baada ya kitambo kilio kinaanza. Kilio cha kwetu hakijifichi. Mwanamke anatoka uani, anaweka mikono kichwani, na wa mlima wa pili anamsikia na kumpokea. Siku zile walipokezana mpaka ukashindwa kujua kilio kimeanzia kwa nani. Hata leo nikisikia mtu anaita kuku wake asubuhi kwa sauti ndefu, mkono wangu unasimama kwanza.

Ilikuwa miaka michache baada ya vita ya pili ya Wazungu. Tulikaa mgongoni mwa mlima juu ya Marani, mahali pa baridi na ukungu, na wazee wetu walipakimbilia kwa sababu hiyo. Homa ilikuwa kitu cha chini, cha ziwani. Aliyeitaka aliifuata mwenyewe: alishuka kuuza wimbi na kununua samaki na chumvi, akarudi anatetemeka, nasi tukamwambia, ulitafuta nini huko? Haikuwa na desturi ya kumfuata mtu kwake.

Halafu ikatufuata. Msimu wa kwanza ilinichukulia watoto wawili, msichana na mvulana, wakazikwa kando ya nyumba penye migomba. Nikabaki na mmoja, mvulana wa kunyonya, ambaye msimu uliofuata ulimkuta ndiyo anaanza kuunganisha maneno mawili matatu. Ninayoandika hapa yanamhusu huyo. Mvua zilizofuata zilipokaribia sikuwa na wazo lingine lolote kichwani: huyu asiwafuate wenzake.

Mume wangu alikuwa msomi. Msomi wa siku zile si mtu wa shahada. Ni mtu aliyeingia dini, maana dini ilikuja na kitabu, na aliyemkubali Mungu wa kitabu alifundishwa herufi. Mimi nilikaa darasa lao kipindi kifupi, nikajua kuandika jina langu na kusoma polepole, kisha nikaolewa, yakaisha; kuandika hivi nilikuja kujifunza uzeeni. Lakini kanisani nilikwenda. Mwalimu wetu alisoma kitabu cha Kiswahili, akageuza kwa Ekegusii, lugha yetu, kadiri alivyoweza. Tangu homa ije alipenda habari moja: ile ya Misri, watu wa Mungu walipoambiwa wachinje mwanakondoo na wapake damu kwenye miimo ya milango, na kifo kikapita katika nchi, kikiona damu kinaruka nyumba hiyo, kisipoiona kinaingia.

Alisimulia vizuri, lazima niseme. Akifika pale Wamisri wanapolia nyumba kwa nyumba, hakuhitaji kutufafanulia. Alinyamaza, nasi tukanyamaza, na huko nje kweli mtu alikuwa analia.

Mama mkwe wangu hakukanyaga kanisani. Alikuwa mwembamba, mkavu, anavuta tumbako kwa kiko chake, na alisema anachotaka. Kwake homa haikuwa na siri. Wafu wa ukoo walikuwa wamesahauliwa. Watoto wanapewa majina ya kwenye kitabu, ya watu ambao hata kaburi lao hatulijui, na wenye majina yao wamekaa huko nje kwenye baridi wanangoja kuitwa.

"Mtu ukimsahau atakuja mwenyewe kukuuliza," aliniambia. "Sasa wamekuja."

"Na wanangu walimkosea nani, mama?"

"Wanao hawakukosa. Waliitwa tu wakaende kukaa nao." Akavuta kiko. "Wale wawili huja kwangu, ukitaka kujua. Huota moto. Msichana anakaa hapa, na mdogo wake pale."

Alinionyesha mahali kwa kiko, kama mtu anayeonyesha vigoda. Tangu siku ile, nikiingia nyumbani kwake kuomba kaa la moto, sikupita hapo katikati. Nilizunguka.

Kabla ya mvua chifu akaita baraza huko Nyakoe. Tulikwenda wote, wasomi na wasiosoma. Karani wa afya alipanda juu ya sanduku akasema homa inaletwa na mbu.

Mzee mmoja akainuka. "Mbu huyu huyu?"

"Huyu huyu, mzee."

"Na alipomuuma baba yangu, mbona baba yangu alizeeka akazika wake watatu?"

"Baba yako alikuwa mlevi," mwingine akapaza sauti kutoka nyuma. "Mbu ndiye aliyeugua!"

Watu walicheka, na ilikuwa ajabu kusikia kicheko cha watu wengi. Karani alingoja wakatulia. Akasema wapulizaji watapita kila boma na bomba la dawa. Watapuliza kuta za ndani, chumba hadi chumba, kwa sababu mbu akishiba hutua ukutani, na akitua hapo atakufa. Nyumba ikimalizwa, itapakwa rangi nyekundu kwenye mwimo wa mlango, ili msimamizi akipita ajue.

Basi. Mambo ya ukutani yakapotea palepale. Niliwaona wasomi wanatazamana. Mwanamke aliyekaa karibu nami, mwimbaji wetu wa kanisani, akanipiga kiwiko.

"Umesikia? Nyekundu, mlangoni. Hata serikali imesoma."

Njiani kurudi hakuna aliyezungumza habari ya dawa. Walizungumza habari ya rangi. Mume wangu alitembea mbele akiimba, kitu ambacho hakukifanya tangu tuwazike watoto. Jumamosi iliyofuata, siku yetu ya ibada, mwalimu alisema Mungu hutumia mkono wowote autakao, hata wa serikali, na kila mtu aangalie mlango wake usirukwe na rangi. Watu wakaitikia. Na kwa wale wasiokwenda kanisani, rangi hiyohiyo iliwatisha. Kwa mama mkwe wangu, damu mlangoni ni mwaliko. Ukichinja, unaosha haraka, maana kuna wanaoinusa kutoka mbali.

Wapulizaji walipofika kwetu, mwenye bomba alikuwa baba mkwe wangu.

Nieleze. Baba wa mume wangu alikwisha kufa. Lakini babu yake alioa mke wa mwisho akiwa mzee, na mke huyo akazaa mtoto ambaye mume wangu alimbeba mgongoni. Kijana mdogo kuliko mume wangu, ndevu zenyewe za kutafuta, lakini kwa ukoo ni ndugu wa baba yake, kwa hiyo ni baba yake, na kwangu ni baba mkwe kamili. Nilimwita tata, yaani baba, nikiangalia chini. Mwanangu alimwita babu. Na kwetu kuna heshima tunayoiita chinsoni: baba haingii nyumba ya mke wa mwanawe. Anakaa nje, anakula nje, na nyumba ikiwaka moto ataita watu wengine. Chumba anacholala mke wa mwanawe hata kukitupia jicho ni aibu ya kulipiwa mbuzi.

Kwa mama mkwe wangu aliingia bila shida, yule ni shemeji yake. Walitaniana humo ndani.

"Puliza na huko kwa kiko chako, shemeji, usiniachie deni," kijana akasema.

"Puliza makalio yako!" mama mkwe akamrudishia.

Alipofika mlangoni kwangu akasimama. Nilikuwa nimeshatoa vyungu na ngozi za kulalia, nimefunika wimbi, kama tulivyoambiwa. Alitazama pembeni. Akapuliza ukuta wa nje kuzunguka nyumba yote, vizuri sana, mpaka udongo ukalowa. Akapuliza upenu. Akachovya brashi, akapaka mwimo wa mlango wangu mstari mwekundu mpana, akaenda zake.

Hapo hakuna aliyeona kosa. Angeingia, ndipo wangeona. Mume wangu alirudi jioni, akagusa rangi kwa kidole, akapiga magoti palepale kizingitini.

Siku kadhaa nilikuwa naangalia sakafu. Mke wa shemeji yangu, nyumba ya tatu kutoka kwetu, alipulizwa na mtu mwingine asiye wa ukoo. Kila asubuhi alifagia viroboto wafu, mende wafu, mbu, na buibui waliokunja miguu. Alinionyesha kwenye ungo, anacheka. Mimi nilifagia vumbi. Viroboto wangu walikuwa hai na wana njaa ile ile.

Nilimwambia mume wangu.

"Baba mtoto, hapa kwetu hakuna kilichokufa."

"Unataka nini kife?"

"Wadudu. Tata hakuingia ndani."

"Na aingie ndani kwako?" Alinitazama kama nimevua nguo. "Mlango una alama. Israeli hawakupulizwa ndani."

Na kwa mama yake nilikuta mambo mengine. Nilikwenda kuomba moto, nikamkuta mikono imejaa udongo na mavi ya ng'ombe hadi kwenye viwiko. Alikuwa amekandika upya kuta zote za ndani, kwa mkono, laini kama siku ya kuingia nyumba mpya. Rangi ya mlangoni alikuwa ameikwangua kwa panga. Dawa yote ilikuwa imelala chini ya udongo mbichi.

"Mama, mbona umefanya hivi?"

"Inanuka. Tangu yule mpumbavu apulize, hawajaja."

"Akina nani?"

Akanitazama kwa hasira, kama mtu aliyeulizwa jina lake mwenyewe. "Wanao! Wamesimama huko nje kwenye mvua. Wataota moto wapi?"

Nilichukua kaa langu nikatoka. Sikumkaripia. Ningemwambia nini mtu aliyekandika nyumba nzima peke yake, na mgongo ule, kwa ajili ya watoto wangu? Nilizunguka kama kawaida yangu, nisipite pale katikati.

Mvua ilipokolea mwanangu akaugua. Alianza kwa kukataa uji. Mchana akatetemeka, kisha akawa wa moto hata sikuweza kumshika mgongoni bila kitambaa. Nyumba ikajaa maneno. Mama mkwe alisema mtoto apewe jina la babu yake mzaa baba, leo, mbuzi achinjwe. Mume wangu alisema jina amekwisha kupewa, la nabii, na mlango una alama, tufunge na kuomba. Mwalimu akaja na waimbaji. Waliimba nje upande huu, na upande ule mama mkwe alikuwa anaongea na wafu kwa sauti, anawataja mmoja mmoja kwa ukali kama wadeni. Mtoto alikuwa katikati, macho yamegeuka meupe.

Nilimfunga mgongoni nikaondoka.

Mume wangu alinifuata mpaka penye njia. "Unakwenda wapi?"

"Zahanati."

"Unaonyesha watu kwamba hatuamini."

"Nawaonyesha mgongo," nikasema, nikashuka.

Ni mwendo mrefu kutoka kwetu mpaka mjini Kisii, na njia ilikuwa utelezi. Mtoto alikuwa akiongea mgongoni. Hayakuwa maneno aliyoyajua. Yalikuwa mengi na ya haraka, kama mtu mzima anayegombana. Kisha akawataja dada yake na kaka yake kwa majina. Hakuwahi kuyatamka. Walipokufa alikuwa wa kunyonya, na nyumbani sisi hatukuyataja. Labda aliyasikia kwa magokoro, nyanya yake. Nilijiambia hivyo. Nilikaza kamba nikaongeza mwendo, na nikamwambia kwa sauti, wewe nyamaza, usiwaite.

Dresa wa zahanati, ndivyo tulivyowaita wauguzi wanaume, alikuwa Mjaluo, mtu wa ziwani. Watu wa kwetu walisema hao ndio walioleta homa, kwa hiyo wengi hawakumwendea. Yeye alimpokea mwanangu mikononi, akamfunua kope, akamminya chini ya mbavu, akamchoma sindano. Akasaga kidonge kichungu, akakichanganya na maji.

"Mama, nyumba yenu imepulizwa?" Kiswahili chake kilikuwa cha kule kwao, kama changu kilivyokuwa cha huku.

"Imepakwa rangi."

"Mimi siulizi rangi. Ndani, kwa ukuta, mahali mnalala. Dawa iliingia?"

"Haikuingia."

"Kwa nini?"

Nikamweleza. Nilidhani atacheka. Hakucheka. Alisugua uso wake na kusema kwao pia baba mkwe haingii. "Lakini mbu yeye anaingia," akasema. "Yeye hana mkwe."

Tulilala hapo kwenye upenu na wagonjwa wengine hadi homa ilipolegea kidogo. Akanipa vidonge, akaniambia nisimrudishe mtoto kwenye nyumba ile kabla haijapulizwa. Nikarudi nyumbani kwetu, nikampitisha mtoto kwa mke wa shemeji yangu, nikamwacha huko alale. Kisha nikamtafuta baba mkwe wangu mwenye bomba. Nilimkuta mlima wa pili.

Kwa chinsoni huwezi kumwambia mkwe wako jambo la chumbani uso kwa uso. Nikaongea na mbuzi aliyefungwa hapo.

"Wewe mbuzi, kuna nyumba yenye rangi nje na mbu ndani. Mjukuu wa mtu anakufa humo."

Baba mkwe wangu naye akamwambia mbuzi, "Hata akifa, sitaingia. Nitalaaniwa mimi na yeye."

"Mbuzi, mwambie sijamwita aingie. Mwambie alete bomba."

Alimtazama mbuzi. Mwisho akasema, "Ni zito."

"Nimebeba watatu," nikasema. Hilo nililisema kwake, siyo kwa mbuzi.

Alikuja. Aliweka bomba uani, akageuka akaelekea bondeni, mikono nyuma. Nikalivaa mgongoni. Yeye akawa anapiga kelele kuelekea bondeni: "Anayepuliza aanzie juu! Asisimame! Ateremke! Na nyuma ya kitanda, samahani, na nyuma ya mahali watu hukaa!" Majirani walikusanyika kwenye ua, wanawake wanajiziba midomo kwa kicheko. Nilipuliza kila ukuta mpaka macho yakanitoka machozi na dawa ikanichuruzika mikononi. Asubuhi yake nilifagia. Walikufa wengi.

Mume wangu hakuwapo. Siku ile alikuwa kwa mama yake, maana mama yake alikuwa amelala mgonjwa.

Homa ilimkuta mle kwenye kuta alizokandika. Nilikwenda na vidonge vya mtoto, nikavigawa. Akavitema.

"Peleka kwa mwenyewe."

"Mama, meza. Nikuombe. Nitakubeba mpaka kwa dresa."

"Mokamwana, kaa." Nikakaa, kama mke wa mwana anavyokaa akiitwa kwa neno hilo. "Walikuwa wanataka mmoja. Nimezungumza nao vizuri. Wamekubali mzee."

"Hakuna anayetaka mtu, mama. Ni huu ukuta. Uliifunika dawa kwa udongo."

Alinipapasa goti, kama unavyomtuliza mtoto mjinga. "Wamekaa hapo," akasema. "Usiwakanyage ukitoka."

Siku aliyokata roho ndiyo siku mwanangu alipoomba chakula. Ilikuwa asubuhi. Alisema anataka wimbi, na kabla sijakoroga uji nikasikia kilio upande wa juu, sauti ya mume wangu. Kwetu mwanamume hapazi kilio namna ile. Alilia kama mwanamke, mikono kichwani.

Mazishini kila mtu alikuwa na maneno yake tayari. Ukoo ulisema mama mzee amejitoa, amemkomboa mjukuu, na walimsifu kaburini kama shujaa wa vita. Mwalimu alisema tuangalie milango miwili: mmoja wenye rangi, ambamo mtoto amepona, na mmoja uliokwanguliwa. Hakuna aliyeweza kumpinga, maana mtu yeyote alikuwa na macho ya kuiona hiyo milango. Kanisa lilijaa kwa miezi. Nilimwambia mume wangu habari ya udongo na dawa, mara moja tu. Alisema, "Kwa hiyo mama yangu alikufa bure?" Sikulisema tena. Nimekuja kuliandika sasa, wote wakiwa chini.

Nyumba yake ikafungwa kwa fito, kama desturi. Mwanangu alikuwa ameanza kutembea tena, miguu kama vijiti, na kila siku yenye jua alikwenda pale. Alizoea kulishwa pale. Angesimama kwenye mlango uliofungwa na kuongea kupitia fito, ananyamaza kidogo, anaongea tena, anacheka. Wanawake wa ukoo walisema mama mzee amekuja kukagua alichonunua. Mwalimu alisema ni shetani, tumchape mtoto akome. Mimi niliwaambia wote wawili wamwache, ni mtoto na amemkosa nyanya yake.

Siku moja nilikuwa nimekaa nachambua wimbi, akaja mbio, akanishika bega.

"Mama. Magokoro anauliza kama nimepona."

Nilitazama ile nyumba. Fito zilikuwa mahali pake. Nilimpapasa shingo, na kwapani, na chini ya mbavu pale dresa alipominya. Alikuwa baridi, ngozi kavu, mzima.

"Mwambie umepona," nikasema.

Akageuka, akaenda kumwambia.